Mkwe Hapigwi Kumbo

Gemu lenyewe, tusidanganyane, lilikuwa bovu. Watoto wa Mikumi waliliita Paramia, maana sidii yake ilifika bila kasha na maandishi yake yalikuwa yamekwanguka. Magari yanashindana mbio, na njiani unaruhusiwa kumpiga mwenzako kumbo, kumrushia roketi, kumsukumia korongoni. Ukipanda mbao ya kurukia ukapinduka hewani ukatua kwa magurudumu, unaongezewa pointi. Kufunguka kwake, unaweza kunywa kikombe cha chai ukakimaliza. Ukigusa ukuta, picha inazunguka mpaka unashikwa na kichefuchefu, na muziki wake ni kama mtu anapiga bati kwa mwiko. Vijana wote walitaka mpira. Paramia lilikaa juu ya kabati likila vumbi.

Juzijuzi nimelirudia, nimelicheza peke yangu hapa barazani, na sibadili neno: bovu. Duniani nimemwona mtu mmoja tu aliyelipenda, naye ni mkwe wangu, mama mzazi wa mke wangu. Sasa hayupo. Kila nikilisikia lile bati, uso unaniwaka kwa aibu, natamani ardhi ipasuke niingie.

Jina lake silitaji, na si kwamba nalificha. Mkwe hatajwi jina. Kwa watu wa mke wangu, wakulima wa zamani wa bonde hili, mkwe wa kike ana mipaka yake: humpi mkono, huketi naye mkeka mmoja, huli naye sahani moja, chumbani kwake huingii, na mkikutana njiani unampisha huku ukitazama majani. Mimi ni mjukuu wa wafanyakazi wa reli wa Kilosa. Kwenye kota za reli makabila yalichanganyika mpaka mila zikawa kama kachumbari, kila mtu anachota anachokipenda. Nilipooa kwao niliapa kwamba hakuna atakayesema fundi redio hana adabu. Nikaishika mila yao kwa mikono miwili, kuliko hata wenyewe.

Mkwe alikuwa mfupi, mwepesi, mwenye sauti ya kuitia mbuzi. Alikuwa na meza ya chapati kando ya barabara kuu pale Mikumi, malori yanapopunguza mwendo kwenye matuta, na nyuma ya meza kibanda cha mabanzi chenye televisheni na mashine ya gemu. Mashine iliachwa na mpangaji wake aliyehama akisema ataifuata. Hakuifuata. Mkwe aliingoja mwaka mzima imefunikwa kitenge, kisha akasema, "Mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe." Akaichomeka kwenye umeme, akaita watoto.

Kibanda kile kilikuwa na sheria, na sheria alizitunga yeye. Aliyevaa sare za shule haingii. Anayetukana anateka maji. Anayelia kwa kushindwa anapewa kipande cha chapati na kufukuzwa. Iliyokuwa na utata ni ile ya salamu: aliyeshindwa humwamkia aliyeshinda. Haijalishi nani mkubwa. Nimewaona madereva wa malori, watu wazima wenye vitambi, wakimwambia kitoto cha darasa la tatu, "Shikamoo," nacho kikijibu "Marahaba" huku kimekaza shingo kama mwenyekiti wa kijiji. Wazee wa msikitini walimfuata wakamwambia anaharibu watoto. Akawajibu, "Sheria ya humu inaishia mlangoni. Nje wakikutana, mtoto amwamkie mkubwa wake, asipofanya hivyo nileteeni mimi nimchape." Na kweli, nje ya kibanda, mtoto aliyempita bila shikamoo alikuwa anakiona cha moto.

Ndivyo alivyokuwa. Mtu wa mipaka, lakini kila mpaka wake ulikuwa na mlango, na ufunguo alikuwa nao mwenyewe. Hili mimi nililiona kwa watoto na madereva, wala sikujiuliza kama linanihusu.

Magari ya kweli aliyaogopa kama simba. Mumewe alichukuliwa na barabara ile ile aliyokuwa akiuzia chapati, na tangu hapo hakupanda pikipiki hata ya bure. Akija kutuona Kilosa alipanda basi, akakaa siti ya nyuma kabisa, akafumba macho kutoka Mikumi, na kila basi likipita bondeni ungemsikia akipaza sauti kwa dereva ambaye hata hamwoni: "Wewe! Una mama wewe?" Lakini mpe pedi ya kuchezea mkononi umwone! Alichagua sikuzote pikapu nyekundu yenye pembe za chuma mbele. Aliwasukumia watu korongoni bila huruma, akaruka mbao zote, akapinduka hewani huku kanga ikimdondoka begani, akatua, akasema, "Bado nipo!" Nilimsikia siku moja mama mmoja akimuuliza, mtu uliyefiwa na mume barabarani, unawezaje kucheza haya? Alijibu bila kugeuza shingo.

"Gari la kwenye kioo haliachi mjane."

Na alilipenda Paramia hasa kwa kuwa hakuna aliyelitaka. Mpira, alisema, unaleta ugomvi, kila mtoto na timu yake. Gari halina timu. Asubuhi watoto wakiwa shule na chapati zimeisha, alicheza peke yake, mlango wazi, na malori yakipita nje yalimpigia honi.

Mara ya kwanza kuketi naye sehemu moja ilikuwa kwa ajili ya ubovu wa mashine. Posa ilikuwa imeshapokelewa, harusi bado. Mashine ikafa, na fundi ni mkwe mtarajiwa, utafanyaje? Nilikwenda Mikumi na kisanduku changu. Niliketi nje ya kibanda, yeye ndani, na maneno yalipita kwa mchumba wangu aliyesimama mlangoni, ingawa kila mmoja alimsikia mwenzake vizuri kabisa.

"Mwambie fundi, ilianza kunuka kama kitunguu."

"Mwambie mama, ni kitu kimeungua ndani, kinabadilishwa."

Nikabadilisha. Kujaribu pedi mbili kunataka watu wawili, na mchumba wangu alikuwa hajui hata kuishika. Mkwe akatoka, akaketi mwisho wa benchi nililokalia. Mimi mwisho mwingine. Lakini waya wa pedi ulikuwa mfupi, ukimvuta kuelekea kwangu, naye akijivuta kwenda kwake, mpaka mashine ikataka kuanguka. Jasho lilinitoka. Nikaomba radhi kwa ukuta, nikachukua kisu, nikakata waya wa pedi yake, nikauunga na kipande kirefu nilichokuwa nacho, nikachomelea kwa risasi. Akaweza kukaa kule, kanga imeshushwa upande wangu, tukajaribu. Watu waliopita walinisifu. Kijana ana heshima, huyo! Nilivimba kichwa. Waya ule nilitembea nao moyoni kama nishani.

Miaka ikapita hivyo. Kila tulipokwenda Mikumi, baada ya chakula, yeye na chake sisi na chetu, Mkwe alisema hewani, "Kuna mtu wa kunisindikiza barabarani?" Nami nikajua ni mimi. Tukacheza, waya mrefu katikati yetu. Na katika miaka yote ile sikuwahi kuligusa gari lake. Nitalipigaje? Akija kwa kasi nilipisha, nikaegesha pembeni kwenye majani ya kwenye kioo kama nilivyompisha njiani. Roketi zangu nilizirusha angani. Na kulikuwa na ile sheria ya salamu: nikimshinda, mama mkwe aniamkie? Mungu apishie mbali! Kwa hiyo nilishindwa, nikasema "Shikamoo, mama," naye akajibu "Marahaba," kisha akasonya.

Watoto walinicheka. "Fundi, gari lako lina haya!" Mimi nilichukulia ni sifa. Ule msonyo nilidhani ni wa furaha ya ushindi. Mwanamume mzima na akili zangu, sikujiuliza mshindi gani anayesonya.

Kisha kiharusi kikampiga. Upande wa kushoto ukalegea, mguu na mkono. Mke wangu ndiye mtoto wake pekee, basi tukamleta kwetu Kilosa, tukampa chumba cha mbele. Hakulalamika. Alituagiza tu kwamba asilishwe kwa kijiko kikubwa, "mimi si mtoto wa tembo." Mke wangu alimwogesha, alimgeuza, alimtoa nje barazani. Mimi nilinunua godoro, nikatengeneza swichi ya taa yenye waya mrefu ifike kando ya kitanda, nikamwekea redio. Vyote nilivipitisha kupitia mlangoni. Nilijiona mkwe bora wilaya nzima.

Mke wangu huuza vitenge minadani. Siku za mnada jirani yetu, mama mmoja mzaliwa wa Chanzuru, alikuwa akija kumtazama Mkwe. Siku hiyo jirani alichelewa bustanini. Nilikuwa barazani nikichomelea simu, nikasikia kishindo.

Nilikwenda hadi kwenye pazia. Nikalifunua kidogo. Mkwe alikuwa sakafuni, ubavu, kanga imemtoka, mkono mzima ukiitafuta. Nikageuza macho haraka. Na unajua nilisema nini? Naomba usicheke.

"Shikamoo, mama."

Halafu kutoka sakafuni, sauti ile ya kuitia mbuzi, imepungua, "Marahaba, baba."

Nikasema ngoja nikamwite mtu. Nikatoka mbio. Kwa jirani hakuna mtu, bustanini hakuna mtu, alikuwa ameshuka mtoni kuchota maji. Nilimpata huko, tukarudi naye, yeye na ndoo yake kichwani kwa sababu hata kumwambia nini kimetokea nilishindwa, nilisema tu, "Mama anakuita." Tulipofika Mkwe alikuwa pale pale. Kanga alikuwa ameipata, amejifunika uso nayo. Sakafu ilikuwa imelowa.

Jirani aliangusha ndoo. "We mwanamume! Ulikuwa unangoja nini?"

"Ni mkwe wangu," nikasema.

"Najua ni mkwe wako! Na mimi nina wakwe!" Akaingia, akavuta pazia, nikabaki nje nimesimama kama mwizi aliyesamehewa. Nilisikia maji yakimwagwa, kitambaa kikikamuliwa. Mke wangu aliporudi jioni aliambiwa yote na jirani. Aliniwekea chakula, akaenda kulala na mama yake. Ningependa angenitukana.

Tangu siku ile sikuweza kulipita pazia lile bila kuinamisha kichwa. Nilikuwa nimefuata mila sawasawa, kila kipengele, na mzee wa watu amelala kwenye mkojo wake. Mtu akikosea kwa kuvunja sheria anajua aombe radhi ya nini. Mimi nilimwomba nani radhi, na ya nini? Nikanyamaza.

Aliyevunja kimya ni yeye. Asubuhi moja alisema kwa sauti, ili nisikie barazani, "Mama Zuhura, mwambie baba Zuhura akaniletee magari yangu." Zuhura ni binti yetu, yuko shule ya bweni. Mke wangu alishangaa. Mkono mmoja umelegea, atachezaje? "Daktari kasema nivichezeshe vidole. Hakusema nivichezeshe na nini."

Nilikwenda Mikumi kwa basi, nikakuta kibanda kimefungwa, mchwa wameanza mabanzi. Mashine ilikuwa nzima. Waya wangu mrefu ulikuwa umetafunwa na panya, kila kiungo kimeoza. Nilirudi na mashine Kilosa, nikaiunga na televisheni yetu barazani, nikaketi na kisanduku, nikaanza kuunga waya mwingine mrefu zaidi. Mkwe alikuwa ameketishwa hapo hapo na mto mgongoni.

"Mama Zuhura, mwambie fundi apunguze. Mfupi unatosha."

"Mama atakuwa karibu sana," nikamwambia mke wangu.

"Mwambie macho yangu hayaoni mbali."

Nikaunga mfupi. Nikaketi, nusu ya tako nje ya benchi, naye kitini, na kati yetu hapakutosha hata sahani. Pedi aliiweka pajani, mkono wa kushoto akaulaza juu yake kama kitu alichokiokota, akatumia wa kulia. Paramia likafunguka baada ya ule muda wake mrefu. Bati likapigwa. Akachagua pikapu nyekundu.

Kama kawaida nilipisha. Akanipita. Nikaegesha majanini. Akasimama.

Alisimamisha gari lake katikati ya daraja, pale pembamba, ubavu wote umenigeukia. Magari ya mashine yakampita, moja likamkwangua. Hakusogea.

"Mama, kidole kimechoka?" mke wangu aliuliza.

"Hapana." Halafu akafanya jambo ambalo hakuwahi kulifanya. Aligeuza shingo, akanitazama mimi, akazungumza na mimi. "Baba Zuhura. Lipige."

Nikatazama sakafu. "Mama, siwezi."

"Miaka yote namshinda mtu aliyeegesha. Wewe unadhani sioni? Watoto walikuwa wananicheka mimi, si wewe. Bibi anachezewa kama kinyago. Lipige gari langu."

"Mama, mkwe hapigwi kumbo."

"Nani kakwambia?"

Mke wangu alikuwa amesimama mlangoni na ungo mkononi, machozi yanamlengalenga. Nikabonyeza. Gari langu likatoka majanini, likashika barabara, nikafumba macho dakika ya mwisho. Nilisikia mlio. Nilipofumbua, pikapu nyekundu ilikuwa inazunguka hewani, inapita ukingo wa daraja, ikashuka, ikashuka, ikazama. Upande wake wa kioo ukawa mweusi.

Mkwe aliweka pedi chini. Akavuta kanga ikae vizuri kichwani. Akasema, kwa adabu zote, kama mtoto mbele ya mwalimu, "Shikamoo, baba."

Nilitaka kufa. Nilisimama, nikaketi, nikasimama. Nikamwambia, mama, jamani, usinifanyie hivyo.

"Itikia. Sheria ya kibanda."

"Ma... marahaba."

"Haya. Mimi nimelipa. Sasa na wewe lipa." Mkono wake mzima ukanyoosha kidole kuelekea ua. "Umempiga mkwe wako kumbo mbele ya shahidi. Faini ni kuku. Na asiwe wa kizungu, nataka wa kienyeji."

Ndipo mke wangu akacheka na kulia kwa pamoja, na ndipo, siku ile, baada ya miaka yote ya ndoa, nikaelezwa kitu ambacho kila mtoto wa kwao anakijua. Ile miiko yote ina mwisho wake. Mume akimletea mama mkwe kuku, kuku akapikwa, wakala sahani moja, basi imekwisha, mume anakuwa mtoto wa nyumbani, anaingia, anatoka, anamshika mkono mama yake. Watu huleta kuku huyo mwaka wa kwanza. Mimi niliishika mila nusu, nusu ya kufunga, ile ya kufungua nisijue kama ipo, na hakuna aliyeniambia.

"Kwa nini hukuniambia?" nilimuuliza mke wangu.

"Mwanamke hamwambii mumewe apeleke kuku kwa mama yake. Ni aibu."

"Na wewe mama?"

"Kuku wa kujuana haombwi," alisema Mkwe. "Nilimngoja. Nikasema labda fundi hatutaki, anataka kubaki mgeni. Kila ulipopisha gari nilisema, haya, bado hatutaki. Nikasonya, nikanyamaza. Lakini siku ile uliponiamkia mlangoni, nikaijua sauti ya mtu asiyejua. Kuku wa kujuana haombwi, ila wa faini namdai mwenyewe, tena kwa kelele."

Alipokuwa sakafuni, kanga imemtoka, mzee wa watu alikuwa anatafuta namna ya kunisitiri mimi. Hilo ndilo siwezi kulimeza mpaka leo.

Kuku nilimpata Chanzuru kwa msaada wa jirani, ambaye aliposikia habari alipiga vigelegele mpaka majirani wakadhani kuna harusi. Mke wangu alimpika kwa nazi. Sahani moja ikawekwa katikati. Nilipoiona firigisi niliisogeza upande wake, akairudisha, nikaisogeza, mwisho akaichukua. "Sawa, ni ya aliyesukumwa mtoni," akasema, akaitafuna taratibu upande wa meno yake mazuri.

Tulipomaliza, mke wangu alitoka na vyombo kwenda kisimani. Mkwe akaegemea mto.

"Nataka kukaa juani."

Nikainuka nimwite mke wangu.

"Simtaki yeye. Nakuita wewe."

Nikarudi. Niliosha mikono tena, ingawa ilikuwa safi. Nikainama, nikapitisha mkono mmoja mgongoni na mwingine chini ya magoti, macho nimeyaelekeza ukutani kwa mazoea, naye akanishika shingo kwa mkono wake mzima.

"Taratibu, baba," alisema sikioni. "Hapa si kwenye kioo."

Alitaka nicheke, lakini sikuweza. Alikuwa mwepesi. Siku ile alipoanguka ningeweza kumwinua kwa mkono mmoja.